Kwa Nini Superkompyuta Hutumia Muda Mwingi Kusubiri

Machi 1950, wataalamu wachache wa hali ya hewa walifunga safari hadi Aberdeen, Maryland, kwenye kituo cha jeshi la Marekani cha kujaribia mizinga. Walikuwa wameazimwa mashine iitwayo ENIAC ili watabiri hali ya hewa kwa hesabu tupu. Mwingereza Lewis Fry Richardson alikuwa amewatangulia. Alizifanya hesabu hizo kwa mkono, akachapisha matokeo mwaka 1922, na matokeo yenyewe yakawa mbali kabisa na kilichotokea angani. Safari hii walikuwa na umeme. Walifanya kazi kwa zamu, usiku na mchana, kwa siku 33. Utabiri wa saa 24 ukawachukua takribani saa 24 kuukokotoa, yaani kesho ilikuwa inapiga hodi sambamba na habari zake.

Ungedhani mashine ndiyo iliyokuwa nzito kwenye hesabu. Hapana. Sehemu kubwa ya muda huo iliishia kwenye kadi za karatasi zilizotobolewa matundu. ENIAC ilikuwa na nafasi ya kushika namba 20 tu kwa wakati mmoja, kila moja yenye tarakimu 10. Kila ilichomaliza kukokotoa ilibidi kitolewe kwenye kadi, kadi zipangwe, zichanganywe na nyingine, kisha zirudishwe tena mdomoni mwa mashine. Utabiri mmoja wa saa 24 ulizalisha kadi zipatazo 100,000. Watu walikuwa wanabeba kumbukumbu ya kompyuta mikononi.

Naanza na kisa hiki kwa sababu historia ya kompyuta kubwa husimuliwa kwa namba zinazopanda tu: hii ilifanya hesabu elfu kwa sekunde, ile milioni, ile bilioni. Namba hizo ni za kweli lakini hazielezi chochote. Ukitaka kuelewa kwa nini mashine moja ilijengwa mviringo, nyingine ikazamishwa kwenye kimiminika na nyingine ikajaa ukumbi mzima, uliza kila moja ilikuwa inasubiri nini.

Mwanzoni ilikuwa inasubiri watu. ENIAC ilijengwa Chuo Kikuu cha Pennsylvania, Philadelphia, chini ya John Mauchly na J. Presper Eckert, ikaoneshwa hadharani Februari 1946. Ilikuwa na valvu zipatazo 18,000 za aina zilizokuwa ndani ya redio za zamani, na uzito wa tani kama 30. Jeshi liliitaka kwa ajili ya majedwali ya kulengea mizinga. Njia moja ya kombora, ambayo mtu hodari mwenye mashine ya hesabu ya mezani aliihangaikia zaidi ya nusu ya siku nzima, ENIAC iliimaliza kwa sekunde kama 30. Ila kuibadilishia kazi ilikuwa shughuli nyingine. Hakukuwa na programu ya kuingiza. Ulichomoa kebo, ukachomeka kwingine, ukageuza swichi kwa mamia, na siku kadhaa zikapita. Kazi hiyo ilikuwa ya wanawake sita, wakiwemo Kay McNulty, Betty Jennings na Betty Snyder, ambao walijifunza mashine kwa kusoma michoro yake ya umeme. Siku ya uzinduzi waandishi wa habari hawakutambulishwa kwao, na ilichukua miongo kadhaa kabla majina yao hayajaanza kutajwa.

Je, ENIAC ndiyo ya kwanza? Swali hili limeshakula wino mwingi kuliko linavyostahili. Konrad Zuse alikuwa na Z3 yake ya relei, yaani swichi zinazoendeshwa kwa sumaku-umeme, mjini Berlin mwaka 1941, mabomu yakaiteketeza 1943. John Atanasoff alijenga mashine ndogo ya valvu Iowa kabla ya ENIAC, na mwaka 1973 mahakama ya Marekani ilibatilisha hataza ya ENIAC kwa kiasi fulani kwa sababu yake. Na Bletchley Park, Uingereza, mhandisi wa Posta Tommy Flowers alishakamilisha Colossus kabla ya 1944 kumalizika, ili kuvunja mawasiliano ya siri ya majenerali wa Hitler. Ilisoma utepe wa karatasi herufi 5,000 kwa sekunde. Wakubwa wengi walimwambia Flowers kwamba mashine yenye valvu zaidi ya elfu moja haiwezi kukaa bila kuharibika kila mara. Yeye alikuwa ametumia valvu kwenye mitambo ya simu, akajua siri yake: valvu hufa zaidi unapoizima na kuiwasha. Iache iwake. Colossus ilifichwa kama siri ya serikali hadi miaka ya 1970, kwa hiyo waliokuja baadaye hawakuweza kujifunza kwake. Kwangu mimi hilo linatosha kumaliza ubishi: kila mmoja alikuwa wa kwanza kwa jambo lake.

Kilichobadilisha mambo ni wazo la kuweka maelekezo ya kazi ndani ya kumbukumbu ileile inayoshika namba. John von Neumann aliliandika kwenye ripoti ya Juni 1945, ingawa Eckert na Mauchly walilalamika maisha yao yote kwamba jina la mmoja lilimeza kazi ya wengi. Mashine ya kwanza kuliendesha wazo hilo ilikuwa Manchester, tarehe 21 Juni 1948: kijikompyuta cha majaribio cha Freddie Williams na Tom Kilburn, chenye kumbukumbu ya maneno 32 tu, neno moja likiwa nafasi ya namba moja au agizo moja. Programu yake ya kwanza ilikuwa na maelekezo 17 na ilikwenda dakika 52. Tangu hapo kubadilisha kazi kukawa suala la kuingiza programu nyingine, na foleni ikahama kutoka kwa watu kwenda kwenye kumbukumbu.

Angalia EDSAC ya Maurice Wilkes, iliyoanza kazi Cambridge Mei 1949. Kumbukumbu yake ilikuwa mabomba ya zebaki yenye urefu wa kama mita moja na nusu. Namba iligeuzwa kuwa mapigo ya sauti, mapigo yakasukumwa upande mmoja wa bomba, yakasafiri ndani ya zebaki, yakapokelewa upande wa pili, yakaimarishwa na kurudishwa mwanzo. Namba ilihifadhiwa kwa kuzungushwa tu bila kupumzika. Ukiihitaji namba yako na ndiyo kwanza imeingia bombani, unasubiri itokee upande wa pili, na sauti ndani ya zebaki huchukua takribani milisekunde moja kuumaliza mwendo huo. Waandishi wa programu hodari walijifunza kupanga maelekezo yao ili kila namba ifike mlangoni wakati uleule inapohitajika. Ulikuwa ufundi wa ajabu, na ulikufa haraka. Kufikia 1953 kompyuta ya Whirlwind ya Jay Forrester, pale MIT, ilishafungwa vipete vidogo vya sumaku vilivyopitishwa nyaya, na kila namba ikapatikana papo hapo popote ilipo. Kompyuta zilitumia vipete hivyo hadi miaka ya 1970.

Valvu nazo zikaachia nafasi transista, swichi ndogo za umeme zisizohitaji kuwaka kama taa, na maabara za silaha za nyuklia za Marekani, wateja wenye fedha na haraka kuliko wote, zikaanza kuagiza mashine zisizokuwepo bado. IBM iliahidi Los Alamos kompyuta yenye kasi mara 100 ya ile yake kubwa ya wakati huo. Ilipofika mwaka 1961, ikiitwa Stretch, haikutimiza ahadi. IBM ikapunguza bei kutoka dola milioni 13.5 hadi chini ya milioni 8 na kuacha kuiuza. Mawazo yake mengi yaliishi kwenye kompyuta zilizofuata, lakini ofisini walikumbuka aibu.

Ndipo anapoingia Seymour Cray. Alizaliwa Chippewa Falls, mji mdogo wa Wisconsin, mwaka 1925, na alipokuwa mbunifu mkuu wa kampuni changa ya Control Data aliwashawishi wamjengee maabara hukohuko kwao, mbali na makao makuu na mikutano yake. Mwaka 1964 kikundi chake kilitoa CDC 6600, ambayo watu wengi huihesabu kuwa superkompyuta ya kwanza. IBM ilishtuka. Agosti 1963, mara tu ilipotangazwa, mkuu wa IBM Thomas Watson Jr. aliwaandikia wasaidizi wake barua ya hasira: maabara ile ina watu 34 tu, akiwemo mfagiaji, sasa imekuwaje sisi na maelfu yetu tumepitwa? Cray alipoisikia alisema Bwana Watson amejijibu mwenyewe.

Jibu la Cray ni zuri, ila ukiifungua 6600 utakuta ufafanuzi zaidi ya uchache wa watu. Prosesa yake, yaani sehemu inayokokotoa, ilipiga hatua moja kila nanosekunde 100 (nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde). Kumbukumbu ya vipete ilihitaji nanosekunde 1,000 kutoa namba na kuwa tayari tena. Yaani mpishi alikuwa na kasi mara kumi ya anayemletea viungo. Cray na mwenzake Jim Thornton waliigawa kumbukumbu katika mafungu 32. Fungu moja likiwa bado linajirudisha sawa, lingine linatoa. Kazi za kero, kama kusoma kadi, kuendesha tepu na kuchapa, wakazihamishia kwa prosesa ndogo kumi za pembeni, ili ile kubwa isisumbuliwe kamwe na printa. Ndani ya prosesa kuu kulikuwa na vitengo kumi vya hesabu, kimoja cha kugawa, viwili vya kuzidisha na kadhalika, na juu yao saketi iliyofuatilia nani anasubiri jibu la nani. Agizo lililokuwa tayari lilikwenda. Lililokosa namba yake lilikaa pembeni bila kuziba njia ya mengine. Mashine moja ya mwanzo ilipelekwa CERN, Geneva, Januari 1965, kuchambua picha za chembe za atomu. Zaidi ya mia moja ziliuzwa.

Kumbukumbu ilipoharakishwa, waya nao ukaanza kuonekana mrefu. Grace Hopper, afisa wa jeshi la majini la Marekani aliyekuwa miongoni mwa waasisi wa uandishi wa programu, alikuwa na tabia ya kugawa vipande vya waya kwenye mihadhara. Kila kipande kilikuwa na urefu wa karibu sentimita 30, umbali ambao umeme hauwezi kuuvuka kwa chini ya nanosekunde moja hata ukienda kwa mwendo wa mwanga. Majenerali walipouliza kwa nini ujumbe wa setilaiti unachelewa, aliwaonesha waya. Ndani ya waya halisi ishara ni nzito zaidi ya hapo. Kwa hiyo ukitaka hatua za nanosekunde kumi na kitu, mashine yako haiwezi kuenea chumba kizima.

Hapo ndipo linapotoka umbo la Cray-1, mashine ambayo picha yake wengi wameiona bila kujua ni nini. Cray aliondoka Control Data mwaka 1972, akaanzisha kampuni yake, na mwaka 1976 mashine ya kwanza ikapelekwa Los Alamos kwa majaribio ya miezi sita. Ukiitazama kutoka juu ni kama herufi C. Saketi zimepangwa kwenye kuta za nje, na nyaya zote zinapita upande wa ndani wa tao, mahali ambapo umbali kati ya safu na safu ni mfupi kuliko ungekuwa kwenye makabati yaliyonyooka. Hakuna waya uliozidi futi nne. Ziliunganishwa kwa mkono, moja moja, na mafundi ambao wengi wao walikuwa wanawake wa Chippewa Falls. Pale ambapo ishara mbili zilitakiwa kufika pamoja, waya wa moja ulirefushwa kwa makusudi ili imsubiri mwenzake. Kuzunguka mnara huo kuna benchi lenye mto wa ngozi, ambalo watu hudhani ni pambo. Chini yake kuna vifaa vya umeme, maana mashine ilikula zaidi ya kilowati 100, na joto hilo lote liliondolewa kwa freoni, gesi ya kwenye friji, iliyopitishwa kwenye mabomba kati ya saketi.

Kasi ya hatua ilikuwa nanosekunde 12.5, ila ujanja mkubwa ulikuwa kwingine. Hesabu za kisayansi hurudia jambo lilelile kwa namba nyingi: zidisha safu hii yote kwa safu ile. Control Data walishajenga mashine ya kufanya kazi kwa safu, STAR-100, lakini ilichota namba moja kwa moja kutoka kwenye kumbukumbu na kurudisha humohumo, na kila safu mpya ilianza kwa kusubiri muda mrefu kabla namba ya kwanza haijafika. Safu ikiwa fupi, ulisubiri zaidi ya ulivyokokotoa. Cray aliweka hifadhi nane ndani ya prosesa, kila moja ya namba 64. Unazijaza mara moja, kisha unakokotoa humo kwa humo bila kurudi kwenye kumbukumbu, na jibu linalotoka kitengo cha kuzidisha linaingia moja kwa moja kitengo cha kujumlisha kabla safu haijaisha. Kwa mpangilio mzuri ilifikia hesabu milioni 160 za desimali kwa sekunde.

Los Alamos ilimfundisha Cray jambo moja. Mashine ya kwanza haikuwa na saketi za kusahihisha makosa ya kumbukumbu kwa sababu zingeipunguzia kasi. Maabara ile iko juu mlimani, zaidi ya mita 2,000, ambako miale itokayo anga za mbali ni mikali zaidi, na mashine ilikuwa inapata makosa ya kumbukumbu mara kwa mara. Zilizofuata zikawekewa usahihishaji.

Mwaka 1978 Cray-1 moja ilifika Reading, Uingereza, kwenye Kituo cha Ulaya cha Utabiri wa Hali ya Hewa. Kabla ya hapo kituo kilijaribu mfumo wake kwenye CDC 6600, na utabiri wa siku 10 ulichukua takribani siku 12, kwa hiyo ulikuwa ni historia. Kwenye Cray-1 ukawa kazi ya saa chache. Tarehe 1 Agosti 1979 kituo kilianza kutoa utabiri rasmi, na hadi leo ni moja ya nguzo ambazo mamlaka za hali ya hewa duniani, za Afrika Mashariki zikiwemo, huegemea zinapoandaa taarifa zao.

Wakati huohuo kulikuwa na kundi lililosema: kwa nini tuhangaike na prosesa moja ya bei ya mbingu? Tutumie nyingi za bei nafuu. Cray hakuwapenda. Husimuliwa kwamba aliuliza: ukitaka kulima shamba utachagua nini, maksai wawili wenye nguvu au kuku 1,024? Hoja ya upande wake ilikuwa imeshapewa hesabu mwaka 1967 na Gene Amdahl, aliyekuwa IBM. Chukua kazi ya saa 100 ambayo saa 95 zake zinaweza kugawanywa na 5 haziwezi. Weka prosesa milioni. Zile saa 5 ziko palepale, wengine wote wanakaa kuzisubiri, na kasi yako haivuki mara 20.

Mwaka 1988 John Gustafson na wenzake wa maabara ya Sandia walionesha mwanya kwenye hoja hiyo, tena kwa mashine yenye prosesa 1,024 kamili, idadi ileile ya kuku. Walisema mtu akipewa mashine kubwa hafanyi kazi ileile ya jana. Anaongeza ukubwa wa tatizo. Gridi ya hali ya hewa inakuwa na matundu madogo zaidi, sehemu inayogawanyika inavimba, na zile saa 5 zinabaki kitone. Walipata kasi zaidi ya mara 1,000. Mwaka uliofuata Mnigeria Philip Emeagwali alishinda moja ya tuzo za Gordon Bell, kwa kipengele cha utendaji ukilinganisha na gharama, akitumia mashine ya prosesa 65,536 kukokotoa mwendo wa mafuta ardhini. Mitandao yetu humwita baba wa intaneti, jambo lisilo na msingi. Tuzo yenyewe ni ya kweli na ina thamani yake bila kuongezewa chumvi.

Kuku wakashinda. Mwaka 1994 Thomas Sterling na Donald Becker wa NASA waliunganisha kompyuta 16 za kawaida za dukani kwa kebo za mtandao wa ofisi na kuonesha kwamba hata chuo kisicho na mamilioni kinaweza kujijengea. Kampuni nyingine ambayo Cray alikuwa ameianzisha baadaye, Cray Computer, ilifilisika 1995, na yeye alifariki Oktoba 1996 kutokana na majeraha ya ajali ya gari Colorado. Miezi michache baadaye Sandia walipata mashine ya kwanza kuvuka hesabu trilioni moja kwa sekunde, ikiwa imejaa maelfu ya chipu za Intel za aina iliyouzwa kwa kompyuta za mezani.

Ila ushindi huo uliirudisha shida ya Aberdeen kwa sura nyingine. Prosesa maelfu maana yake namba lazima zisafiri kutoka kabati hadi kabati. Mwaka 2022 Frontier, ya maabara ya Oak Ridge, Tennessee, ilikuwa ya kwanza kwenye orodha ya dunia kuvuka hesabu bilioni bilioni kwa sekunde, kwa umeme wa megawati 21. Kipimo kilichotumika, LINPACK, kinaipendelea mashine: kila namba ikishachotwa hutumiwa mara nyingi kabla ya kuachwa. Kazi nyingi halisi, kama mwendo wa hewa na maji, huchota namba, huigusa mara moja mbili, na kutaka nyingine. Kwa ajili hiyo Jack Dongarra, mmoja wa waanzilishi wa LINPACK yenyewe, alishiriki kutunga kipimo cha pili, HPCG, kinachofanana zaidi na kazi hizo. Kwa kipimo hicho Frontier ilipata karibu asilimia 1 tu ya ilichopata kwa kile cha kwanza. Muda uliobaki saketi zilikuwa zinasubiri namba.

Na kwa kipimo hicho Frontier haikuongoza. Aliyeongoza alikuwa Fugaku wa Kobe, Japani, mashine ya zamani zaidi na yenye chini ya nusu ya kasi ya Frontier kwenye LINPACK, lakini ambayo Fujitsu waliibana kumbukumbu yake ndani ya pakiti moja na prosesa. Ilishika nafasi hiyo hadi 2025, ilipopitwa na El Capitan ya Livermore, California, ambayo nayo imeweka aina zake mbili za prosesa na kumbukumbu yao ya pamoja kwenye pakiti moja. El Capitan pia, kwa HPCG, hupata asilimia 1 ya kasi inayotangazwa.